Nilisema "Mimi" Pahali pa Mudogo Yangu

Niko na miaka makumi mbili na tisa, naishi Nchelenge, kando ya ziwa, peke yangu. Lakini nilikuwa na bwana! Kasongo, muuza samaki wa Kilwa, ile ya ngambo ya ziwa letu, alivuka kabla vita haijafika kwao. Mutu mupole. Tulikosa kitu kimoja tu, mutoto. Tuliomba, tulifunga... bure.

Mimi nilikuwa mucheza teatri. Muzungu mumoja alipoleta kamera, akasema filimu tutaitengeneza sisi wenyewe batu wa ziwa, wote walinisonta mimi.

Kazi ilikuwa hivi: banamuke walitoa mambo yao ya kweli. Habari yenye haya, mwenyewe hakuonyeshwa. Mucheza teatri aliisema kwa kamera na "mimi", kusudi mwenyewe asijulikane.

Chanda, mudogo yangu wa tumbo moja, alinivuta kando akilia. Alikuwa akilala na muvuvi wa Mununga, apate chisense, vile visamaki vidogo, vya kuuza. Alishika mimba, akaitoa. "Yaya, mukubwa wangu, unisemee. Lakini uape, usinitaje!" Niliapa. Ningemukatalia namna gani?

Filimu ilionyeshwa katika nyumba ya kanisa, madirisha tumeyafunika vitenge. Kasongo alikaa mbele, anacheka na rafiki zake. Mara nikatokea... "Mimi nililala na muvuvi. Mimi nilitoa mimba."

Mayo! Banamuke walishika kinywa. Kasongo alisimama, akatoka bila kuniangalia.

Muzungu alieleza kwamba mimi nilicheza tu. Nani alimusikia? Si yeye mwenyewe alituambia kila neno la filimu ni la kweli?

Jamaa yetu ilikaa kikao. Nilivunja kiapo, nikasema ni mambo ya Chanda. Walimuuliza. Aliangalia mukeka, akasema, "Yaya, mbona unanitupia uchafu wako?"

Nilitaka ardhi inimeze!

Na sasa musikie. Kwetu, muke akimuharibia bwana muzuri, jamaa inatoa mudogo wake ashike nafasi. Mama yetu mwenyewe alimufunga Chanda kitenge kipya, akamupeleka kwa Kasongo. Nilifikiri atakataa... Alienda! Hata mulangoni hakugeuka.

Leo wana mutoto wa kike. Ananiita mama mukubwa. Jumapili alinikimbilia kanisani, nikamubeba. Pua ni ya Kasongo kabisa. Chanda alimuita, nikamuachilia.

Ndugu zangu, nawaomba kwa magoti. Mupendwa wako akikuomba ubebe haya yake, mushike mukono, muende pamoja, aiseme mwenyewe, hata akitetemeka. Usiibebe! Mimi niliibeba kwa mapendo, na mpaka leo hakuna mutu amekuja kunitua muzigo huu.