Datsun Ilipozama, Mume Wangu Alifunga Turubai

Maji yalikuwa yameshafika magotini...

Nikageuza shingo kwa shida na lile helmeti zito, nikatazama juu ukingoni, kwenye hema letu la turubai la buluu.

Nikamwona.

Mume wangu, Sadik! Amechungulia. Anaona gari inateremka mtoni na mimi niko ndani. Macho yangu na yake yakakutana, wallahi yalikutana!

Halafu akafunga turubai.

Jamani, soma tena hapo. AKAFUNGA!

Na huko nje watu wanapiga kelele:

"Sadik! Sadik, toka!"

"Sadik anakufa, msaidieni!"

Sadik gani? Sadik alikuwa hemani, mkavu, nyuma ya turubai. Aliyekuwa anakufa ni mimi, Bishara, mke wake.

Ngoja niwarudishe nyuma kidogo, la sivyo mtanitukana bure kwenye comments.

Ilikuwa 1999, kwetu Garsen. Mafuriko ya El Nino yalikuwa yamepita, na vijana wa mji walikuwa wameanzisha mchezo wa magari. Watu wa Mombasa wanauita autocross. Sisi tuliuita mbio za mitungi.

Unachora njia kwenye uwanda. Unapanga mitungi ya plastiki iliyopakwa chokaa. Kila gari inaingia peke yake, inazunguka, na mwalimu Idris anabonyeza saa yake ya michezo ya shule. Ukiangusha mtungi unaongezewa muda. Mwenye muda mfupi ndiye bingwa, basi.

Sasa magari yenyewe! Farah alikuwa na Peugeot 504 isiyo na boneti. Bwana mifugo na Suzuki yake, ikikata kona inachechemea, mpaka tunacheka machozi.

Na sisi tulikuwa na Datsun 1200 ya njano. Watu waliiita Panzi.

Milango ya Panzi ilikuwa inafunguka yenyewe kwenye kona, kwa hiyo Sadik akaichomelea yote. Kioo cha mbele na cha dereva akatoa, akaweka wavu wa chuma. Breki ya mkono pia akang'oa, eti gari iwe nyepesi. Njia ya kuingia na kutoka ilikuwa moja tu, dirisha la abiria. Unajipenyeza kama mwizi.

Na bingwa wa Garsen alikuwa nani? Sadik! Vijana wakimwona sokoni: "Sadik noma! Sadik ni moto!" Akiingia hotelini, chai na mahamri vinamfuata mezani.

Lakini Sadik hakuwahi kukimbiza ile gari hata mzunguko mmoja.

Wakati wa mafuriko alikuwa kwenye lori lililosombwa na maji. Aliokolewa, alhamdulillahi, lakini tangu siku ile akifika gia ya tatu mikono inamtetemeka. Hilo simcheki. Hofu ni ya kila mtu. Ninachomcheka ni alichofanya na hiyo hofu.

Mwaka wa kwanza wa ndoa, mapenzi bado moto, alinifundisha kuendesha. Akaona nimemshinda! Mimi ni binti wa wafugaji, nimekua nyuma ya ng'ombe. Naijua ardhi nyeusi ya kwetu: ikipasuka nyufa, inashika. Ikiwa laini na inang'aa, chini kuna tope, gurudumu likiingia umekwisha. Wenzangu walitazama mitungi. Mimi nilitazama ardhi.

"Bishara, niendeshee mara moja tu," akaniambia mbio zilipoanza.

"Watu wataniona!"

"Utavaa helmeti. Nani atajua?"

Mara moja ikawa kila mara.

Tulivyofanya ni hivi. Hema linasimamishwa karibu na uwanja. Sadik anaingia "kuvaa", na mimi mke mwema naingia na chupa ya maji. Nje anatoka mtu mwenye ovaroli na helmeti, kimo kile kile cha Sadik. Mimi! Nikimaliza narudi hemani, navaa buibui. Sadik anajimwagia maji kichwani yaonekane jasho, anatoka na helmeti kwapani.

Na mlangoni anaketi mama yake, mama Arafa, kwenye kigoda chake. Mtu akikaribia:

"Mwanangu anavaa, subiri."

Mama alijua kila kitu. Hakuwahi kusema neno.

Siku moja nikachoka. Nikamwambia kweupe:

"Mume wangu, basi. Nimechoka kuwa wewe."

"Utaendesha mpaka mimi niseme basi. Hutaki, rudi kwa baba yako leo, na mtoto umwache hapa."

"Na watu wakijua je?"

Akasimama. Mama yake alikuwa barazani anachambua mchele. Sadik akanyoosha kidole:

"Siku mtu yeyote atakapouona uso wako ndani ya gari hiyo, una talaka zako tatu, papo hapo! Na Swaleha ni wangu. Mama, wewe ni shahidi."

Mama hakuinua hata kichwa. Akaendelea na mchele wake.

Siku ile nilimchukia yule mama, sitawaficha. Mwanamke mwenzangu, ananisikia nalia, anatoa mawe kwenye mchele!

Swaleha wangu alikuwa mdogo, bado ananyonya kidole. Nikitazama hivi, nikikataa nampoteza. Nikijulikana nampoteza. Mnanielewa? Milango ya Panzi ilikuwa imechomelewa, na ya kwangu pia. Nikawa naendesha kimya, nashinda kimya, na usiku nambana mtoto kifuani nikiogopa kesho.

Basi, kiangazi kikakaza. Kamati ikahamisha uwanja, karibu na mto, pahali ardhi imekandamana ngumu kama saruji.

Nikamwambia Sadik:

"Hapa ni malka. Hii ni njia ya ng'ombe kushukia mtoni. Unadhani nani aliikandamiza hivi?"

"Ng'ombe gani? Tangu mafuriko umeona hata mkia hapa?"

Kweli, hawakuwa wamepita. Mvua ile iliacha madimbwi na majani kila pahali, mifugo haikuwa na haja ya mto. Lakini madimbwi yalikuwa yamekauka sasa! Mtoto wa mfugaji yeyote angewaambia kwamba ng'ombe watarudi mtoni. Lakini nani anamuuliza mke aliyeko hemani?

Siku ya mashindano Farah alikuwa ameweka muda mzuri sana. Nikaingia mimi. Kona ya kwanza, safi. Ya pili, safi. Nasikia watu, "Sadik! Sadik!" Nikafika mtungi wa mwisho, ule wa karibu na mteremko wa mto.

Nikaona vumbi upande wa nyika. Nikadhani ni upepo.

Haukuwa upepo...

Ng'ombe wenye kiu, wakishanusa maji, hawazuiliki. Hata mchungaji wao hawezi. Walikuja kundi zima, mbio, pembe juu! Nikakanyaga breki. Injini ikameza vumbi, ikazima. Nikapiga stata, nyee... nyee... kimya.

Wakanizunguka. Wa nyuma wanasukuma wa mbele, wa mbele wananisukuma mimi. Panzi ikaanza kusogea. Nikatia gia, magurudumu yakateleza tu, maana hapo karibu na maji kwato zilishageuza mteremko kuwa tope. Dirisha la abiria limejaa mbavu na pembe. Nitoke wapi?

Maji yakaingia kupitia sakafu iliyooza. Vifundoni. Kisha magotini. Na pale mtoni mamba wapo, kila mtu wa Garsen anajua.

Huko juu nikasikia mwalimu Idris anapaza sauti:

"Leteni Land Rover! Ina mnyororo! Ufunguo anao nani?"

"Anao Sadik!"

"Ya Allah! Sadik si ndiye huyo anazama?"

Salaale! Ile Land Rover ndiyo iliyotuvutia Panzi mpaka uwanjani, ufunguo ulikuwa mfukoni mwa Sadik, na Sadik alikuwa hemani! Ndipo nikageuka nikatazama turubai. Ndipo akachungulia.

Na ndipo akafunga.

Wasomaji wangu, sijui niwaelezeje. Maji hayakunitia baridi kama ile turubai. Nilielewa kila kitu pale pale. Huyu mwanamume yuko tayari nizikwe kwa jina lake, ilimradi hotelini waendelee kumwita moto.

Nikamfikiria Swaleha. Uso ukionekana, nampoteza. Nikinyamaza, pia nampoteza, na juu ya hapo nimekufa!

Nikavuta kamba ya helmeti. Imekaza. Nikavuta tena mpaka kidevu kikachubuka. Ikaachia. Nikatupa helmeti majini, nikashika ule wavu wa mbele kwa mikono miwili, nikaita.

Niliita ule mwito wetu wa kurudisha ng'ombe, mrefu, kutoka tumboni, kama nilivyokuwa nikiita nikiwa msichana. Nikawaita kwa majina, kama tunavyowaita. Kwa sababu nilipotazama vizuri, ng'ombe mkubwa wa kijivu aliyekuwa mbele, nilimjua! Ni Dalacha. Nilimlea mimi alipofiwa na mama yake. Lilikuwa kundi la baba yangu!

"Dalacha! Dalachaaa!"

Masikio yakasimama. Akageuza kichwa.

Na nyuma ya kundi nikasikia sauti ya mwanamume, imejaa hofu:

"Bishara?! Hiyo ni sauti ya dada yangu!"

Ni kaka yangu Halake, ndiye aliyekuwa anachunga. Naye akaanza kuita kutoka pembeni. Mimi naita, yeye anaita. Dalacha akatoka majini, akapanda upande wa Halake, na wenzake wakamfuata. Dirishani pakafunguka nafasi. Nikajipenyeza, Halake akanidaka mkono, akanivuta tukaanguka wote topeni.

Watu wakatukimbilia.

Kisha mtu mmoja akasema polepole, "Huyu... si ni mke wa Sadik?"

Mwalimu Idris akashusha saa yake. "Kwani Sadik mwenyewe yuko wapi?"

Mimi nilikuwa bado topeni, nahema.

Ndipo mama Arafa akainuka kwenye kigoda. Taratibu. Akashika turubai kwa mikono yake miwili, akaifungua mpaka mwisho.

"Yuko hapa," akasema.

Na kweli alikuwa pale! Bingwa wetu, amesimama katikati ya hema, ufunguo mkononi, maji ameshajimwagia kichwani, yanamtiririka shingoni. Tayari kabisa kuja kushangiliwa.

Wee! Farah alicheka mpaka akakaa chini. Mimi sikucheka. Nilikuwa nalia, kwa sababu nilijua kilichobaki ni mtoto wangu kuchukuliwa.

Kesho yake asubuhi tukakaa kwa sheikh. Baba yangu, Halake, mimi na Swaleha mapajani. Sadik alikuja amebadilika, mpole kama mgonjwa.

"Sheikh, mimi simwachi mke wangu. Nampenda."

Nikashtuka. Anipende tangu lini? Lakini nikaelewa. Akiniacha, mji utajua kila neno. Akinirudisha nyumbani, atasema ni mchezo tu wa mume na mke.

Sheikh akaniuliza, "Kulikuwa na maneno yoyote kati yenu?"

Nikaeleza. Sadik akaruka:

"Sikusema! Nani alisikia?"

Nikainamisha kichwa. Shahidi wangu alikuwa mama yake mzazi. Mama gani atamfedhehesha mwanawe?

"Mimi nilisikia."

Sote tukageuka. Mama Arafa alikuwa mlangoni, hata viatu hajavua.

"Alisema talaka tatu, siku uso wake ukionekana ndani ya gari ile. Akanifanya mimi shahidi. Basi nimekuja kushuhudia."

"Mama!" Sadik akalia.

"Jana niliona ukifunga turubai, Sadik. Nilikuwa nimekaa pale pale, nakuomba ufunguo."

Sheikh akasema sharti limetimia na mke ameachika. Sadik akashika neno la mwisho:

"Basi mtoto ni wangu!"

"Nani alikwambia?" sheikh akauliza. "Mtoto wa umri huu analelewa na mama yake. Wewe kazi yako ni kumlisha."

Jamani... Nililia mpaka Swaleha akanifuta machozi kwa mkono wake. Ile sheria niliyokuwa naiogopa usiku na mchana haikuwepo! Aliitunga Sadik mwenyewe!

Tulipotoka nikamshika mama Arafa mkono.

"Mama, siku ile ulikuwa unachambua mchele. Mbona ulinyamaza?"

"Ningemkemea siku ile, angeogopa na kuyafuta maneno yake mbele yangu," akasema. "Nikanyamaza yabaki. Nilijua iko siku utayahitaji, mwanangu."

Na mimi nilimchukia!

Dada unayesoma hii, lichukue hili. Mtu akikutisha na sheria, nenda kawaulize wenye kuijua, tena mapema. Mimi nilisubiri mpaka maji yakanifika magotini. Wewe usisubiri.

Mnauliza Panzi iliishia wapi? Ilivutwa ikatolewa. Kumbe ilikuwa ya marehemu baba mkwe, na mama Arafa akanipa mimi. Eda ilipoisha nikarudi uwanjani, pahali pengine, mbali na njia ya ng'ombe. Mwalimu Idris akaita kwa sauti: "Bishara!" Hakukuwa na hema. Mama Arafa alikuwa juani kwenye kigoda chake, Swaleha amempakata.

Lakini kabla ya siku hiyo nilikuwa nimempelekea fundi ile gari.

"Nikufanyie nini? Injini?" akaniuliza.

Nikamwambia injini ingoje. Anikatie kwanza ile milango.