Kigoda cha Muthamia

Kagwiria alitoka nyumbani kwake Kaaga jua likizama, kamera begani, mtoto wao wa miezi minane amemwachia mumewe Naftaly. Alibakiza picha moja tu filamu yake iishe. Dakika tano, alimwambia Naftaly. Watu wa filamu na dakika zao tano, jamani!

Filamu ilimhusu babu yake, Mzee Muthamia, aliyekufa kabla yeye hajazaliwa na hakuacha hata picha ya kitambulisho. Jambo hilo lilimkosesha Kagwiria usingizi. Kimeru anakibabaisha, babu hamjui, na mtoto amempa jina la babu huyo huyo. Akikua atamwambia nini?

Jikoni kwa nyanya yake, Cucu Ednah, kigoda cha marehemu kililazwa ubavu kando ya moto, kama siku zote. Kagwiria akakisimamisha. Alitaka kionekane kitupu, watazamaji wahisi pengo.

"Laza hiyo kiti," Cucu akasema. "Jioni haisimamishwi. Mwenyewe atakuja kukaa."

"Cucu, ni kidogo tu. Ni sanaa."

"Sanaa!" Cucu akasonya, akarudi nyuma hadi mlangoni.

Kagwiria akavaa hedfoni, akawasha kamera. Kuni zikalia pa, pa. Halafu ikaja harufu ya ugoro... kali, ya kuwasha pua. Na Cucu hatumii ugoro.

Kigoda kikalia kwii.

Kama kimekaliwa.

Kwenye kioo cha kamera hakukuwa na mtu. Lakini ndani ya hedfoni mtu alikuwa anapumua. Miguu ya Kagwiria ilitaka kukimbia. Moyo wake, tuseme ukweli, ulifurahi. Hatimaye!

"Jina langu," sauti ikanong'ona kwa Kimeru, maneno machache aliyoyaelewa vizuri, "amepewa nani?"

Cucu, aliyeisikia bila hedfoni, akatikisa kichwa, kiganja mdomoni. Nyamaza.

Anyamaze vipi, naye amemtafuta mzee huyo maisha yake yote?

"Mwanangu," akajibu. "Yuko Kaaga."

Pumzi ikakatika. Harufu ikapita mlangoni, ikaenda zake.

"Umemwambia mpaka mahali?" Cucu akaanza kulia. "Ai, Kagwiria!"

Simu ikalia. Ni Naftaly. Kagwiria akavua hedfoni, akaweka spika.

"Rudi. Mtoto anaongea."

"Amesema mama?"

"Anaongea, Kagwiria! Kimeru kitupu, na sauti si yake." Naftaly, mtu wa Embu, alikuwa ameokota maneno mawili matatu. "Anamuulizia Ednah. Anasema... amechoka kulalia ubavu."

Cucu akakirukia kigoda, akakilaza.

Ndani ya simu mtoto akapiga ukelele, kama ameangushwa.

"Anageuka bluu!" Naftaly akalia. "Hapumui!"

Kagwiria akakisimamisha kigoda kwa mikono yake miwili. Ndani ya simu mtoto akavuta pumzi. Kisha, polepole, akakohoa kizee.

Kigoda kimesimama hivyo hadi leo. Cucu amehamishia jiko lake nje, na Kagwiria hathubutu hata kukipangusa vumbi.