Machozi ya Landry

Ndugu zangu wa jumuiya, Jumapili ile tulitoka kanisani tukaenda kula kwa Leonce na mkewe Asumpta, hapa mtaani kwetu Flemingdon Park. Leonce alikuwa amepika ndizi na nyama mwenyewe. Mwana wao Landry naye alikuwepo, na hilo lilimfurahisha baba yake kuliko chakula chote.

Wengi mnamjua Landry. Alizaliwa Ujerumani, na akiwa na miaka saba aliigiza kwenye televisheni ya huko. Sasa ni mpiga picha wa filamu. Asumpta alituwekea kipande cha video cha zamani: mtoto analia mpaka mabega yanatetemeka.

"Alifundishwa na nani kulia hivi?" nikauliza.

Asumpta akacheka. "Siri yangu hiyo! Kamera ikiwa tayari namnong'oneza, baba yako amegongwa na gari, amekufa. Basi machozi yanachuruzika!"

Sote tulicheka. Mungu anisamehe, nami nilicheka.

"Ndiyo maana nilihamia nyuma ya kamera," Landry akasema. "Huko hakuna wa kuniambia baba amekufa."

"Usijifanye mnyonge," mama yake akamjibu. "Nani alikufikisha hapo?"

"Na mwaka jana, mama? Ulisema baba kalazwa. Nikaacha kazi nikaja mbio, kumbe kwaya yenu inataka mpiga picha. Baba nikamkuta anamenya viazi!"

"Ningesema kwaya ungekuja?"

Tukacheka tena. Landry hakumaliza sahani yake.

Wiki tatu baadaye Leonce alipata kiharusi. Landry alikuwa anapiga picha za filamu kaskazini, mwendo wa saa tano kwa gari. Asumpta alimpigia simu tukiwa hospitalini, spika ikiwa wazi.

"Landry, baba yako anakufa. Njoo!"

"Safari hii ni kwaya au harusi?" Akakata. Hakupokea tena.

Nikamwambia, "Dada, nipe namba nimpigie mimi."

"Usinidhalilishe! Mwanangu akuamini wewe, mimi mama yake asiniamini?"

Leonce alifungua macho. Kwa shida akatamka, "Landry?"

"Yuko chini, anaegesha gari," Asumpta akamjibu.

Leonce akageuza uso mlangoni. Alikata roho saa nane mchana, akiwa bado anautazama mlango.

Hapo nikaichukua simu ya Asumpta bila ruhusa. Baada ya kupiga mara nne, Landry akapokea, nikamwambia baba yake amefariki.

"Anti, niapie."

"Naapa mbele za Mungu, mwanangu. Baba hayupo."

Kisha akasema, "Mpe nesi simu. Nataka mtu asiyemjua mama."

Siku ya mazishi Landry alisimama upande mmoja wa kaburi, mama yake upande wa pili. Sala ilipoisha kila mmoja alipanda gari lake. Hawajazungumza hadi leo.

Mafunzo

Wazazi wenzangu, msimdanganye mtoto habari za kifo, iwe kwa mzaha, iwe kwa kazi, iwe kwa sifa. Asumpta alitaka machozi, akayapata, lakini neno lake likapoteza uzito. Nasi tuliocheka mezani tulimsaidia. Kila asubuhi namwombea Landry na mama yake wapatane. Lakini Leonce alimsubiri mwanawe mpaka mwisho, na hilo hakuna sala yangu inayoweza kulirudisha nyuma.