Samaki Aliyeitikia "Mmh"

"Ketaki! Umelala tena?"

Darasa zima la yoga likaangua kicheko. Ketaki Sabnis, daktari wa mifugo, alikuwa ameegemea ukuta, mdomo wazi, anakoroma.

"Sijalala, mwalimu," akajibu akifikicha macho. "Umefika pale kwenye hadithi, mungu Shiva anampeleka mkewe Parvati ufukweni, amfundishe yoga kwa siri."

"Hapo tumepita zamani!" akasema mwalimu Tanmay. "Parvati kasinzia. Shiva hana habari, anazidi kumwaga elimu. Kumbe majini kuna samaki, na tumboni mwa samaki yumo mtu, Machhindra. Yeye ndiye anayeitikia mmh, mmh. Shiva alipouliza, 'Umeelewa?' sauti ikatoka majini, 'Nimeelewa!' Na Shiva hakukasirika, alimfanya mwanafunzi wake. Huu mkao wetu wa kujipinda ndio wenye jina lake."

"Maskini Parvati," akasema Ketaki. "Labda alitoka kuzalisha nyati wa maziwa."

Wakacheka tena, kisha wakatawanyika. Ketaki akabaki.

"Tanmay, Jumapili kuna watu wanatoka Pune. Baba kasema niwapikie pohe za vitunguu."

Mji mzima wa Sangli hakuna asiyejua maana ya msichana kuwapikia wageni pohe, ule mchele bapa wa kukaanga. Posa iko mlangoni.

"Ahaa," akasema Tanmay.

"Ahaa tu? Una neno la kuniambia au huna?"

Tanmay akaanza kupanga mikeka ambayo ilikuwa imeshapangwa. Mwalimu huyu husimama kwa kichwa huku anahesabu pumzi za wanafunzi, lakini mbele ya Ketaki ulimi unakuwa mzito kama jiwe. Miaka miwili anampenda kimoyomoyo. Mficha uchi hazai, na yeye alikuwa ameuficha kweli kweli.

"Nitakupigia simu."

"Piga kabla wageni hawajafika. Wakishafika, utakuwa unapiga kunipa hongera."

Jumapili asubuhi ujumbe ukaingia: "Nimekesha na nyati, kazaa salama. Piga sasa, niko macho."

Tanmay akavuta pumzi, akapiga. Simu ilipopokelewa hakungoja hata salamu.

"Ketaki, usinijibu kitu. Ukinijibu nitapotea njia. Sema mmh tu mpaka nimalize."

"Mmh."

"Nakupenda. Haya, nimesema! Nakupenda tangu siku ile uliyoingia darasani na viatu vya mpira vimejaa samadi, ukauliza ni nani anayenuka."

"Mmh?"

"Najua ukitoka kuzalisha hutaki chai wala pole. Unataka maji ya moto unawe mpaka viwikoni, na mtu akae karibu yako anyamaze. Na najua ndama akifa unalia kwenye pikipiki, ili baba yako asikuone."

"Mmh," ikaja, nzito. Tanmay akadhani ni uchovu.

"Huyo wa Pune atataka ukae mjini utibu paka wa matajiri. Mimi sina gari, lakini sitakutenga na nyati wako. Tatizo ni baba yako. Namwogopa! Akisalimu tu, ni kama tarumbeta la harusi limelia sikioni. Nimeshafika kwenu mara ngapi, nikaishia getini."

"Mmh!"

"Basi, nimemaliza. Umenielewa?"

"NIMEELEWA!"

Simu nusura imponyoke. Lilikuwa tarumbeta lenyewe, mzee Shripad Sabnis, baba yake Ketaki, dalali wa soko la bizari ya manjano.

"Shi... shikamoo, mzee."

"Marahaba. Mwenzio kalala kitini, simu iko kifuani inalia. Nimeipokea nikidhani ni wageni, kumbe napewa sifa zangu."

"Nisamehe, mzee."

"Analia kwenye pikipiki?"

"Ndiyo, mzee."

"Hajawahi kuniambia. Mama yake angekuwa hai, angejua." Sauti ikashuka. Tanmay hakujua kwamba ile sauti inaweza kushuka. "Njoo hapa. Na leo usiishie getini."

Tanmay alifika mbio, jasho linamtiririka. Akamkuta mzee barazani, anaongea kwa simu na wale wageni wa Pune.

"Tuwieni radhi sana. Hamjatoka bado? Afadhali! Binti yangu ana mtu wake, mimi ndiye nilikuwa sijaambiwa."

Tanmay akainama kumgusa miguu kwa heshima. Mzee akamwinua kwa mabega.

"Kwangu umepita, kijana."

Mara mlango ukafunguka. Ketaki akatokea, nywele timutimu, shavuni ana alama ya kiti.

"Baba, kwa nini unawazuia wageni? Na huyu anafanya nini hapa?"

"Kaja kuposa."

"Kumposa nani?"

"Wewe! Kasema kwa simu. Niliyepokea ni mimi."

"Baba! Miaka miwili nangoja neno moja, unakuja kulisikia wewe?" Akamgeukia Tanmay, mikono kiunoni. "Mzee kaambiwa. Mimi sijaambiwa, na bila kuambiwa siolewi. Rudia."

"Yote?"

"Yote. Hapa hapa, usoni."

Tanmay akamtupia mzee jicho la kuomba msaada.

"Usinitazame," mzee akasema huku akizuia kicheko. "Mimi leo nilikuwa samaki wa Machhindra tu."

Viatu vya mpira, maji ya moto, yote yalikuwa yamemfutika Tanmay. Lakini Ketaki alikuwa mbele yake, na alikuwa anasubiri. Safari hii hakuwa na mikeka ya kupanga.

"Nakupenda, Ketaki. Naomba unioe... yaani, nikuoe. Mengine yamenitoka kichwani."

Ketaki akacheka mpaka machozi yakamlengalenga. Akamshika mkono mbele ya baba yake, bila haya.

"Nimekubali," akasema. "Hilo ndilo nililokuwa nalitaka. Mengine baba atanisimulia."