Aliyegonga Ndani ya Santuri

Hebu fumbeni macho kidogo mpate kukiona chumba kimoja cha ghorofa ya tatu, mtaa wa Koekelberg, mjini Brussels, Novemba ya mwaka 2009. Ni saa tisa alasiri. Madirisha yamejaa ukungu, maharage yanachemka, na mama mmoja aitwaye Zaituni anakunja mashuka. Binti yake wa miaka minane, Rayhana, amelala kifudifudi zuliani akichora. Mume wa Zaituni, Mustafa, amepiga magoti mbele ya mashine ya santuri.

Kazi ya Mustafa ilikuwa kuondoa vyombo katika nyumba za watu waliofariki na kuviuza sokoni. Siku hiyo alirudi na santuri ndogo, ya wimbo mmoja kila upande. Kwenye jalada walisimama vijana wanne wa Kiingereza, nguo nyeusi tupu, nyuso nyeupe kama unga, macho yamezungushiwa wanja.

"Hawa wametoka msibani?" Zaituni aliuliza.

"Chérie, usiwacheke. Wimbo huu ulitamba sana miaka ya themanini, hakuna disko ambako haukupigwa. Bon, sikiliza."

Sindano ikashuka. Mkwaruzo kwanza. Kisha, kabla ya gitaa kuanza, ukasikika mlango ukigongwa polepole: ko, ko, ko.

Zaituni alilelewa Buyenzi, Bujumbura, katika nyumba ambayo mtu hakugonga akakosa wa kumwitikia. Hakuwaza. Mikono ikiwa bado kwenye shuka, alisema kwa uchangamfu, "Karibu! Karibu ndani!"

Mustafa aliangua kicheko. "Maman Rayhana, umewakaribisha Waingereza! Wapakulie maharage, alors!"

Wimbo ukaendelea, besi nzito, na sauti ya mwanamume ikitoka chini sana kama mtu anayeimba kisimani. Ulipokwisha, Mustafa aliirudisha sindano mwanzo ili wacheke tena.

Mkwaruzo. Gitaa. Hakuna aliyegonga. Hata ile sauti ya mwanamume haikuwepo. Vyombo vya muziki vililia peke yavyo, kama bendi inayomngoja mwimbaji wake.

"Zima," Zaituni alinong'ona.

Siku ya pili, kiti cha karibu na dirisha kilikuwa na unyevu, na chumba kilinuka mishumaa iliyozimwa sasa hivi, ingawa hawakuwa na mishumaa. Siku ya tatu Rayhana aliacha kula. Siku ya nne Zaituni alikuwa akimsuka nywele, mchana kweupe, aliposikia mtoto akiimba kwa Kiingereza, lugha ambayo hakuwahi kufundishwa, na sauti ile haikuwa ya mtoto bali ilitoka chini sana, nzito, ya mwanamume, ikipanda kooni mwake taratibu huku midomo yake ikiwa imefungwa na machozi yakimtiririka, na kila ubeti ulipokwisha Rayhana alijaribu kuita "maman" na jina hilo likatoka dogo zaidi kuliko mara iliyotangulia, mpaka likabaki pumzi tu.

Mustafa aliivunja santuri vipande vipande. Haikusaidia kitu.

Ndipo wakamtafuta Bi Naïma wa mtaa wa Evere, mwalimu wa madrasa aliyejulikana kwa kuwasomea wenye majini. Walimsimulia yote, naye akaja kwa basi, akampigia Zaituni simu kutoka barabarani.

"Nipo chini. Sipandi."

"Kwa nini, maman?"

"Nikipanda nitagonga mlango, na atakayeniitikia si wewe." Alishusha sauti. "Huyo amegonga nyumba za wazungu miaka yote hiyo. Wao wanacheza tu, hawamjibu. Wewe ulimwambia karibu. Binti yangu, mgeni uliyemkaribisha mwenyewe, mimi nitamfukuza kwa haki gani? Mgeni anasindikizwa."

"Mpaka wapi?"

"Mpaka yeye mwenyewe akuambie rudi. Ukigeuka kabla hajasema, mtageuka na kurudi nyumbani wote wawili."

"Na asiposema?"

"Hilo sijui," alisema Bi Naïma. "Ila mtoto hana siku nyingi."

Zaituni alivaa koti. Mustafa alimshika mkono. "Niende mimi."

"Ni mimi niliyemkaribisha." Akakigeukia kiti cha dirishani. "Mgeni wetu, twende nikusindikize."

Kiti kikatoa mlio. Kitu baridi kikapita chini ya kiwiko cha kulia cha Zaituni, kikashika. Nyuma yake Rayhana alikohoa, kisha akasema kwa sauti yake mwenyewe, nyembamba na nzuri, "Maman, nasikia njaa."

Zaituni hakugeuka. "Papa atakupakulia," alisema, akashuka ngazi.

Walipita kanisa kubwa la Basilika, wakateremka hadi mtaa wa Anderlecht, wakapanda tena. Mgeni hakusema rudi. Alikuwa akiimba tu, taratibu, sikioni mwake. Usiku ukaja, asubuhi ikaja, na miguu ya Zaituni haikuchoka, na hilo ndilo lililomtisha kuliko yote.

Imepita miaka saba. Kila Jumapili Mustafa na Rayhana humngoja mbele ya Basilika wakiwa na chapati na chai ya moto, kisha hutembea naye upande wake wa kushoto. Zaituni hathubutu kuwageukia, kwa hiyo hutazama chini, kwenye viatu vya binti yake, ambavyo sasa vinalingana na vyake.

"Amesema?" Rayhana huuliza.

"Bado, mwanangu. Nisimulie ya shule."

Basi, wapenzi wangu, mkipita Koekelberg mkamwona mama aliyejitanda kitenge juu ya koti, kiwiko cha kulia kimekunjwa kama ameshikana na mtu, msimkimbie. Hufurahi sana kusalimiwa. Nawaombeni mkumbuke jambo moja tu: msalimieni yeye peke yake.