Mgeni Asiyekula Nyama

"Kijiko, chumvi iko sokoni. Narudia, chumvi iko sokoni."

Nyaboke hakugeuza shingo. Aliinua kibendera chake cha manjano, akawatabasamia wageni wake na kusema, "Karibuni Souq Waqif, jamani. Aliyekuja ameshiba, shauri yake!"

Wageni wakacheka.

Wangejua! Pini ya jina iliyokuwa kifuani pake ilikuwa maikrofoni. Ndani ya sikio lake la kushoto kulikuwa na kidude kidogo kama punje ya mtama, na kidude hicho kilimuunganisha na Toyota Land Cruiser nyeupe iliyoegeshwa nyuma ya soko hilo la Doha. Humo alikaa Mutai, bosi wake kutoka idara ya ujasusi Nairobi, aliyempa jina la siri la Kijiko. Kando yake alikaa kapteni wa polisi wa Qatar, ambaye tayari alikuwa amewachoka hawa Wakenya wawili.

Chumvi alikuwa mtu.

Jina lake hakuna aliyelijua, na sura yake hakuna aliyewahi kuiona. Kilichojulikana ni kazi yake. Aliwakusanya vijana wa Kenya na Uganda waliokuwa Doha, akawaahidi kazi ya kompyuta huko Asia, kisha akawauza kwenye makambi ya matapeli. Ukiingia huko unafungiwa, unapigwa, na unalazimishwa kuwaibia watu mtandaoni usiku na mchana. Kundi jipya lilikuwa limefichwa kwenye nyumba moja isiyojulikana huko Umm Salal, katikati ya mashamba, na ndege yao ilikuwa ya jioni hiyo hiyo. Pasipoti zao alikuwa nazo Chumvi. Mtoa habari alikuwa amenong'ona kwamba Chumvi angezikabidhi kwa dereva wake katika matembezi haya ya chakula.

Na ndani ya nyumba hiyo alikuwamo Loice.

Loice, mdogo wake Nyaboke, tumbo moja. Alikuwa yaya katika familia moja ya mtaa wa Al Thumama mpaka mkataba ulipoisha. Juzi alituma ujumbe: "Dada niombee! Nimepata kazi ya ofisi, na mimi nitakaa kwa AC nikibonyeza kompyuta." Kisha simu ikazimwa. Tangu hapo Nyaboke hakulala wala hakula, na kila mlio wa simu ulimkata maini.

Kapteni alikuwa amesema neno moja tu. "Nionyeshe mtu mmoja. Mmoja! Ukikosea, Chumvi mwenyewe atapiga simu, na hiyo nyumba tutaikuta tupu."

Basi Nyaboke akatembea na wageni wake, na macho yake hayakutulia.

Kwenye matembezi hayo kulikuwa na mabibi wastaafu walioshuka kwenye meli ya kitalii, wakipiga picha mpaka paka. Hao akawaondoa akilini. Wakabaki wanaume wawili.

Wa kwanza aliitwa Maurice, Mkenya wa ofisi ya IT, aliyekuja peke yake. Alivaa koti. Souq Waqif, alasiri, koti! Jasho lilimtiririka, mkono wake wa kulia haukutoka mfukoni, na kila baada ya dakika aliangalia Samsung yake kama anayesubiri matokeo ya mtihani.

Wa pili alikuwa mgeni wa heshima. Bwana Tom, mzee mwenye ndevu za fedha na kofia ya majani, alisema yeye huongoza matembezi ya chakula na divai katika mtaa wa kale wa Wayahudi huko Roma. Kampuni ilikuwa imemwalika alinganishe vyakula vya kwao na vya Doha. Nyuma yake alikuja hamali mmoja wa soko, mzee wa fulana ya rangi ya damu ya mzee, akisukuma toroli lenye kreti ya mbao.

"Juisi ya zabibu tu," Bwana Tom aliwaambia mabibi kwa masikitiko ya kuchekesha. "Divai hairuhusiwi kuingizwa hapa. Divai yenyewe mtainywa mkija kwangu."

Na mdomo alikuwa nao! Walipofika kwa mama wa regag, mkate mwembamba kama karatasi, alisimulia vichochoro vya kwao, vyembamba hata majirani hupeana chumvi dirishani. Alisimulia wanavyokaanga mboga mpaka inachanua kwenye mafuta, na kikombe cha divai kinachobarikiwa Ijumaa jua likizama. Bibi mmoja alifuta machozi. Hata Nyaboke, na moyo wake wote uliokuwa juu juu, alitamani kuuona mtaa ule.

Wali wa machbusi wenye kuku ulipoletwa, Bwana Tom aliweka mkono kifuani. "Samahani, binti yangu. Dini yangu. Nyama lazima ichinjwe na mchinjaji wetu."

Kamba wa kukaanga pia alikataa. Alikula tende na mkate mkavu, kwa adabu.

Mutai akaunguruma sikioni. "Ni huyo wa koti. Kapteni anataka neno lako."

"Subiri."

"Nyaboke, ndege haisubiri mtu!"

"Nimesema subiri, mkubwa."

Lakini hata yeye alishaanza kuamini. Maurice alikuwa amesimama pembeni, amegeuza mgongo, akinong'ona kwenye simu. Nyaboke akafungua mdomo kutoa neno lenyewe, "chumvi imekolea."

Ndipo walipofika kando ya zizi la ngamia, kwenye kibanda cha chai.

"Hapa," Nyaboke akawaambia wageni kwa mazoea, "chai ya karak inapikwa kwa maziwa ya ngamia. Anayeogopa, aseme."

Mabibi wakaguna. Bwana Tom akachukua kikombe, akapuliza, akanywa, akalamba masharubu. "Tamu kweli!" Akaomba cha pili.

Nyaboke aliganda.

Alikuwa amezaliwa Kisii, mtoto wa Wasabato, na kwa mama yake sheria za Musa hazikuwa mchezo. Kila Jumamosi watoto walipangwa kama jeshi. Kambare? Hana magamba, haliwi! Nguruwe? Kwato zimepasuka lakini hacheui, haliwi! Ngamia? Anacheua lakini kwato hazikupasuka, haliwi, wala maziwa yake hayanywewi! Siku moja Nyaboke aliuliza, "Mama, kwani ngamia wa Kisii yuko wapi?" Akapigwa kofi la mgongo. "Jibu swali!"

Loice alikuwa akisimama kando yake kwenye mstari ule, akicheka kimyakimya.

Sasa huyu mzee, aliyemkataa kuku kwa sababu ya mchinjaji, anakunywa maziwa ya ngamia na kuongeza?

"Mkubwa," akanong'ona, "si Maurice. Ni Tom."

"Kwa sababu ya chai?" Mutai alipandisha sauti. "Labda dini yake ni ya mdomoni! Hata wewe nilikuona na soseji Nakuru."

"Ilikuwa ya ng'ombe. Ngoja nimpime."

Akamsogelea mzee akitabasamu. "Bwana Tom, nisije nikakukosesha. Hayo ni maziwa ya ngamia. Dini yako inaruhusu?"

"Bila shaka!" akajibu mzee, na akainua kidole kama mwalimu. "Ngamia anacheua, kwa hiyo ni halali kwetu. Huwa nawafundisha wageni wangu hivyo kila wiki."

Loo! Mlegevu angecheka, angesema nimeteleza. Huyu anafundisha. Alikuwa amekariri nguruwe, kamba na mchinjaji, na aliyemfundisha hakuwaza kwamba Doha kuna ngamia.

"Chumvi imekolea," Nyaboke akasema.

"Kapteni anatoka garini."

"Asitoke! Mkimshika sasa hatutaijua nyumba. Pasipoti lazima ziko kwenye kreti, maana hakuna aliyeonjeshwa hiyo juisi. Iacheni kreti iende."

Mutai akajibu, polepole. "Tukifuata kreti, utabaki peke yako na yeye."

"Najua. Nendeni."

Bwana Tom alishamnong'oneza hamali aipeleke kreti kwa dereva wake. Nyaboke akaliwahi toroli. "Pole mzee, itaanguka hii," akasema, akaisawazisha kreti kwa mikono miwili. Alipoondoa mikono, kifaa cha kufuatilia, saizi ya kifungo cha shati, kilikuwa kimenata chini yake.

Nissan Patrol ya kijivu ikapakia, ikaondoka.

Land Cruiser nyeupe ikaifuata.

Bwana Tom aliziona zote mbili. Tabasamu likamtoka, mkono ukaingia mfukoni kutafuta simu.

"Kahawa!" Nyaboke akamkatiza, na kumshikisha finjani kwenye mkono huo huo. Alikuwa amelinyakua birika la shaba kwa mwenye kibanda. "Mgeni wa heshima hawezi kuondoka bila kahawa."

Akanywa haraka. Nyaboke akajaza. Akanywa tena. Nyaboke akajaza. Huku Ghuba asiyetikisa finjani huongezwa, na mzee hakujua kutikisa. Mabibi walipiga makofi.

"Inatosha!" akafoka. Finjani ikapasuka chini. Akapenya kwenye kichochoro cha wauza viungo, simu sikioni.

Nyaboke nyuma yake, na birika mkononi.

Mzee aligeuka. Hakuwa mzee tena: mabega yalipanuka, na kisu chembamba kikachomoza kwenye mkono wa shati. Bastola ya Nyaboke, Glock, ilikuwa Nairobi, imefungiwa kabatini. Kisu kikaja. Akainama, kikapasua kibendera.

Akamtwanga kiwiko kwa birika. Kisu kikaruka.

Kahawa ya moto ikamwagikia mzee kifuani.

Goti likafuata, mahali ambapo mwanaume hapasahau. Chumvi akaanguka kifudifudi kwenye gunia la pilipili, akapiga chafya, akalia kama mtoto. Simu ilikuwa bado inaita. Nyaboke akaikata kabla haijapokelewa.

Polisi wa soko waliokuwa juu ya farasi walimkuta amemkalia mgongoni, akirudisha nywele zake nyuma.

"Chumvi imemwagika," akasema kwenye pini. "Mkubwa? Mko wapi?"

Aliita hivyo kwa nusu saa nzima, huku polisi wakimfunga Chumvi pingu.

"Mutai! Niambie!"

Mikwaruzo, kelele, mbwa anabweka. Halafu sauti ya Mutai, anahema. "Mlango umefunguka. Wote wapo."

"Loice?"

"Yuko. Analia, lakini yuko."

Nyaboke aliegemea ukuta. Alimshukuru Mungu kwa Ekegusii, lugha ya mama yake, maana Kiingereza cha kazini hakingetosha.

Aliporudi kibandani, Maurice alikuwa amepiga goti mbele ya binti aliyefika akikimbia, na kilichokuwa mfukoni muda wote kilikuwa pete. "Melissa, nimekusubiri mpaka nimelowa jasho!" Mabibi walilia upya.

Simu ya Nyaboke ikaita. Ni Loice, kwa simu aliyoazimwa na polisi.

"Dada! Polisi wamevamia, ndege imeniacha, kazi imeharibika!" Alikuwa akilia kwa kwikwi. "Mtu ukijitafutia riziki hawataki! Bosi wetu alikuwa mtu mzuri, dada, hata pasipoti zetu alitutunzia."

Nyaboke alifumba macho. Angeweza kumwambia kila kitu, na hakuruhusiwa kumwambia hata neno.

"Pole, mdogo wangu."

"Pole gani! Wewe utaelewa nini? Kazi yako ni kuzunguka na watalii mkila."

"Ni kweli," Nyaboke akasema. "Na wewe umekula?"

Ikaja sauti ndogo, ile ya kwenye mstari wa Jumamosi. "Tangu jana, bado."

"Basi tulia hapo hapo. Nakuletea kaimati."

Akakata, akafuta macho kwa kiganja, akanyoosha pini ya jina. Akakiinua kibendera chake kilichopasuka katikati.

"Haya wageni wangu, bado halua!"

Akatangulia mbele, wala hakugeuka kutazama gunia la pilipili.