Mtungi wa Bibi na Mjomba Injinia

Kila asubuhi mjukuu alifagia chumba cha Bibi, akafungua dirisha, kisha akatazama mshale wa mtungi wa oksijeni. Mtungi ulisimama kando ya kitanda, umefungwa kwa mnyororo ukutani. Mapafu ya Bibi yalikuwa yamechoka, na bila gesi ile hata kuongea kulimshinda. Zamani alikuwa nesi, naye alimfundisha mjukuu wake namna ya kuhamisha mitungi kama wengine wanavyofundishwa kusuka.

Jumamosi moja mshale ulikaribia sifuri. Mama alikuwa kazini, kwa hiyo kazi ya kuleta mtungi mwingine ilimwangukia Mjomba, kitinda mimba wa Bibi, aliyetaka kila mtu amwite Injinia. Uinjinia huo alijipa mwenyewe siku alipobadilisha balbu ya jirani bila kupigwa shoti. Mali yake yote ilikuwa miwani ya jua na domo. Hata gari alikuwa ameliazima.

"Mama, tulia. Mimi nipo," alisema.

"Hilo ndilo linalonitia wasiwasi," Bibi alijibu kwa pumzi fupi. "Mjukuu wangu, nenda naye."

Dukani, muuza gesi aliwatolea mtungi wenye kofia ya chuma ya kulinda koki. Injinia aliifungua kofia, akaitupa chini ya kiti cha gari, akafunga palepale regyuleta ya akiba, kile kifaa chenye mshale.

"Tukifika, ni kuchomeka bomba tu," alijigamba.

"Bwana, mtungi hausafirishwi hivyo," muuza gesi alisema.

"Usinifundishe kazi."

Akaulaza mtungi kwenye kiti cha nyuma kama gunia la viazi, bila kamba. Vioo vyote akavifunga, ati vumbi lisichafue shati lake. Mjukuu aliona kila kosa.

"Mjomba, Bibi anasema..."

"Bibi yako ni nesi, si injinia! Watoto wa siku hizi, midomo mirefu!"

Wateja walicheka. Mjukuu aliona haya, akanyamaza, akapanda gari.

Njiani Injinia alikuwa akijisifu kwa simu, hakuliona tuta. Mtungi uliruka, ukabingirika, ukagonga mlango. Regyuleta ilivunjika, na gesi ikaanza kufoka kwa mlio wa kutisha. Injinia alifunga breki, akatoka mbio, akamwacha mtoto wa dada yake ndani ya gari. Mjukuu alifungua mlango mwenyewe, akauacha wazi, akakimbia. Alimkuta shujaa wetu kando ya barabara, anataka kuwasha sigara.

"Mjomba, usiwashe!" alipiga kelele. "Oksijeni inachochea moto! Unataka tuungue?"

Sigara ilianguka. Walisubiri mbali mpaka mlio ukaisha. Mtungi ulikuwa mtupu, na nyumbani Bibi alikuwa anamalizia pumzi zake za mwisho za akiba.

Walirudi dukani. Safari hii mjukuu hakujali nani anacheka. Alisimamia mambo yote: kofia ikabaki mahali pake, muuza gesi akauleta mtungi kwa toroli, akausimamisha nyuma ya kiti cha mbele na kuukaza kwa kamba. Vioo vikafunguliwa. Injinia aliendesha polepole, amenuna kama aliyenyang'anywa peremende.

Walipofika, midomo ya Bibi ilikuwa imebadilika rangi. Mjukuu alihamisha regyuleta kutoka mtungi wa zamani, akafungua koki taratibu. Walingoja kwa hofu. Hatimaye kifua cha Bibi kilitulia, naye akataka kusikia yote.

"Lile tuta lilijengwa vibaya," Injinia alianza.

"Kaa kimya, Injinia," Bibi alisema, akamgeukia mjukuu, akamsikiliza mpaka mwisho. "Wewe ulijua kwamba anakosea?"

"Nilijua, Bibi."

"Mbona ulinyamaza?"

"Walinicheka."

Bibi alivuta pumzi ndefu.

"Huyu mjomba wako ni mjinga. Nimemzaa mwenyewe, nimemzoea. Lakini wewe ulijua, ukanyamaza kwa kuogopa vicheko, na mimi huku nakosa hewa. Siku nyingine mtu mzima akifanya jambo la hatari mbele yako, mwambie kwa adabu. Asiposikia, rudia kwa sauti. Akikataa kabisa, usipande gari lake. Aibu itapita, mjukuu wangu. Mimi nikienda, sirudi."